Kabla ya kumlilia dubu mweupe, uliza nani alishika bunduki

Bila shaka umemwona. Dubu mweupe, mbavu nje, manyoya yamemlegea kama koti la kuazima, anaburuta miguu ya nyuma kwenye ardhi isiyo na theluji. Video hiyo ilipigwa kaskazini mwa Kanada mwaka 2017, na kufikia Desemba ilikuwa imezunguka dunia nzima. Huenda wewe uliiona ukiwa kwenye matatu. Ukasikitika, ukabonyeza kile kiuso kinacholia, ukapitisha kidole, ikaja video ya mtu akicheza densi. Basi, kesi ikafungwa.

Kile ambacho wengi hatukufuatilia ni kilichotokea baadaye. Mwaka 2018, jarida la National Geographic, ambalo lilikuwa limeisambaza video hiyo kama picha ya mabadiliko ya tabianchi, lilikiri kwamba lilivuka mpaka. Hakuna daktari aliyempima dubu yule. Angeweza kuwa mgonjwa, mzee, au ameumia. Kwamba Aktiki inapata joto si jambo la kubishaniwa, lakini hakuna aliyejua kwa hakika ni nini kilichokuwa kikimuua dubu yule mmoja. Unadhani nani alisherehekea? Wale wanaosema tabianchi ni hadithi za wazungu. Walipewa zawadi ya bure.

Sasa hapo ndipo hoja yangu inapoanzia. Picha ya huruma bila ushahidi ni mkopo wa riba kubwa: leo unapata machozi, kesho unalipa kwa kuaminiwa kidogo. Lakini kuna wasanii wengine ambao kwa miaka zaidi ya ishirini wamekuwa wakijaribu njia tofauti kuhusu Aktiki na wanyama wake. Hawachori dubu akilia. Wanaleta vitu vyenyewe: ngozi, barafu, sauti, mafuvu. Wanaviweka mbele yako halafu wanakuachia swali: nani alifanya hivi, lini, na kwa ruhusa ya nani?

Kabla hujauliza, la, sina shahada ya sanaa. Chuo niliacha kabla ya kumaliza na sijawahi kukanyaga theluji. Ila nina macho, nina bando, na naishi katika nchi ambayo kila mwaka mtu fulani anaambiwa ng'ombe wake ndio wanaoharibu mazingira. Utaona kwa nini hilo ni muhimu.

DUBU 34 NA WALIOWAUA

Mwaka 2001, wasanii wawili, Bryndís Snæbjörnsdóttir wa Iceland na Mark Wilson wa Uingereza, walianza msako wa ajabu. Walitaka kuwatafuta dubu weupe wote waliokaushwa na kujazwa, walioko Uingereza. Walipiga simu kwenye majumba ya makumbusho, majumba ya matajiri na stoo za vumbi. Wakawapata 34. Kila mmoja walimpiga picha pale pale walipomkuta: mwingine kwenye ngazi za nyumba ya kifahari, mwingine amefungiwa stoo katikati ya maboksi. Kazi hiyo waliiita nanoq: flat out and bluesome. Nanoq ni jina la dubu mweupe kwa lugha ya Greenland.

Mwaka 2004 waliwaleta kumi kati yao katika ukumbi wa Spike Island mjini Bristol, kila mmoja ndani ya sanduku lake la kioo. Fikiria ukiingia. Ukumbi mkubwa, mweupe, kimya, na dubu kumi ambao wakiwa hai wasingesimama pamoja hivyo hata siku moja.

Lakini uzito wa kazi hiyo haukuwa kwenye vioo. Ulikuwa kwenye karatasi. Wasanii hawa walichimba historia ya kila dubu: aliuawa wapi, mwaka gani, katika safari ya nani, akapita mikononi mwa nani hadi akafika pale. Ghafla dubu si nembo tena. Ni marehemu mwenye faili. Na ukisoma mafaili kumi mfululizo unaanza kuona mtindo: mabwana waliokwenda kaskazini kuwinda, kuvumbua au kujionyesha, wakarudi na ngozi. Mkenya hahitaji kuelezwa mtindo huo. Vichwa vya nyati na simba wetu vimetundikwa kwenye kuta za nyumba za aina ile ile.

Uwindaji huo wa ovyo ndio ulioifanya Kanada, Denmark, Marekani, Norway na Muungano wa Kisovieti wakubaliane mwaka 1973 kumlinda dubu mweupe. Kumbuka, huo ulikuwa wakati wa vita baridi, na bado wakakubaliana. Leo wanasayansi wanakadiria kuna takriban dubu 26,000 duniani. Bunduki ilidhibitiwa. Tatizo ni kwamba muuaji amebadilisha silaha.

Dubu huyu huwinda sili, na huwawinda juu ya bahari iliyoganda. Bila barafu hana meza ya kulia. Setilaiti zilianza kuipima barafu hiyo ya bahari mwaka 1979, na tangu wakati huo eneo linalobaki kila Septemba limekuwa likipungua kwa takriban asilimia 12 kila miaka kumi. Septemba 2012 lilishuka hadi kilomita za mraba milioni 3.4, rekodi ya chini kabisa. Utafiti uliochapishwa 2022 ulionyesha kwamba Aktiki imekuwa ikipata joto karibu mara nne zaidi ya wastani wa dunia. Huyu muuaji wa sasa hana jina moja la kuandika kwenye faili. Ndiyo maana wasanii waliofuata walilazimika kubuni njia nyingine.

BARAFU KATIKATI YA MJI

Njia iliyopata umaarufu zaidi ni ya Olafur Eliasson, msanii mwenye asili ya Iceland na Denmark, akishirikiana na mwanajiolojia Minik Rosing aliyezaliwa Greenland. Walivua vipande vikubwa vya barafu vilivyokuwa vimeshakatika na kuelea karibu na Nuuk, mji mkuu wa Greenland, wakavisafirisha na kuviacha viyeyuke mbele ya watu. Kazi hiyo inaitwa Ice Watch. Ilianza Copenhagen mwaka 2014. Desemba 2015 ilifika Paris, vipande 12 vimepangwa kwa duara kama saa, wakati viongozi wa dunia wakijadili mkataba wa tabianchi katika mji huo huo. Mwaka 2018 ikaja London, vipande 24 nje ya jumba la sanaa la Tate Modern na sita kwingineko mjini.

Watu waliikumbatia, waliilamba, watoto waliipanda. Ukiweka sikio unasikia ikipasuka pole pole, kwa sababu hewa iliyofungiwa ndani kwa maelfu ya miaka inatoka. Hiyo ni hewa ya kabla ya gari la kwanza, kabla ya kiwanda cha kwanza. Hata mimi niliyeona kwenye video tu, nywele zilisimama.

Wakosoaji waliuliza swali ambalo wewe pia umeshalifikiria: kusafirisha barafu kwa meli na lori ili uhubiri kuhusu moshi, si moshi huo huo? Waandaaji hawakukwepa. Hesabu ilifanywa, na kazi ya Paris ikakadiriwa kuwa ilitoa takriban tani 30 za hewa ya ukaa, nyingi kutokana na usafiri. Mimi naona kuitangaza hesabu hiyo ilikuwa sehemu nzuri ya kazi. Wangapi wanaoandaa makongamano ya mazingira hutuambia walichoma mafuta kiasi gani kufika hapo?

Shida yangu na Ice Watch ni nyingine. Barafu ni safi mno. Ni nzuri, inang'aa, haimshtaki mtu yeyote. Unaigusa, unaguswa, unaenda kunywa kahawa. Isitoshe, inakupa picha kwamba kule ilikotoka ni mahali peupe, patupu, pasipo mtu. Hilo si kweli. Watu takriban milioni nne wanaishi Aktiki. Kuna miji, shule, migodi, mabomba ya mafuta, vituo vya jeshi. Na kuna jamii ambazo zimekuwepo kabla ya ramani: Wainuit, Wasami, Wanenetsi na wengineo. Ukisema "nyika tupu", umeshawafuta. Na ukishawafuta, ni rahisi sana kugawa ardhi yao.

SIKIO CHINI YA MAJI

Jana Winderen ni Mnorway aliyesomea kemia, hisabati na ikolojia ya samaki kabla ya kugeukia sanaa. Chombo chake cha kazi ni maikrofoni inayozamishwa majini. Anaiteremsha chini ya barafu na kuacha inase. Albamu yake Spring Bloom in the Marginal Ice Zone ya mwaka 2018 ilirekodiwa katika Bahari ya Barents, sehemu ambapo barafu inaishia na maji wazi yanaanza.

Tafuta uisikilize usiku, taa zimezimwa, umevaa vipokea sauti. Utasikia uduvi wakilialia kama mafuta kwenye kikaango. Utasikia sili wenye ndevu wakiimba sauti ndefu inayoshuka, kama firimbi inayotumbukia kisimani. Nyangumi wanapita. Barafu inagongana. Bahari tuliyodhani ni kimya kumbe ni soko la Jumamosi.

Hapa sanaa inakufundisha kitu ambacho picha haiwezi. Wanyama hawa wanaishi kwa sauti. Wanatafutana, wanaitana, wanakwepa adui kwa kusikia. Barafu inapopungua, meli zinaongezeka, na kila meli inaingia na injini yake kwenye soko hilo. Kaskazini mwa Kanada, katika kisiwa cha Baffin, Wainuit wamelalamika kwa miaka kwamba meli za mgodi wa chuma zinawafukuza nyangumi wenye pembe ndefu wanaowategemea kwa chakula. Februari 2021 wawindaji waliziba uwanja wa ndege na barabara ya mgodi huo kwenye baridi kali. Novemba 2022 serikali ya Kanada ilikataa ombi la kuupanua.

Na ule ukingo wa barafu anaourekodi Winderen si jambo la washairi peke yao. Nchini Norway, mahali ukingo huo unapochorwa kwenye ramani ndipo panapoamua visima vya mafuta vinaweza kusogea hadi wapi. Mwaka 2020 wanasiasa walivutana vikali. Wanasayansi wa serikali walipendekeza mstari ulio kusini zaidi, wenye kulinda eneo kubwa. Bunge likapitisha mstari wa maridhiano, ulio kaskazini zaidi ya ule. Kwa hivyo unaposikiliza uduvi wale, elewa kwamba kuna mtu mwenye kalamu aliyeamua kama wanaishi ndani ya mpaka au nje yake.

VICHWA MLANGONI PA MAHAKAMA

Sasa tufike kwa msanii ambaye kwangu ndiye kiboko yao.

Máret Ánne Sara ni Msami kutoka Kautokeino, kaskazini mwa Norway. Familia yake inafuga kulungu wa kaskazini, wale unaowaona kwenye kadi za Krismasi wakivuta gari la theluji. Kwa Wasami, kulungu ni kama ng'ombe kwa Mmaasai: chakula, nguo, mahari, hadithi, hesabu ya ukoo.

Sheria ya mwaka 2007 iliipa serikali ya Norway nguvu ya kuwalazimisha wafugaji kupunguza mifugo, kwa hoja kwamba kulungu wamezidi malisho. Mdogo wake Máret, Jovsset Ánte Sara, kijana aliyekuwa anaanza maisha, aliamriwa apunguze kundi lake kutoka kulungu 116 hadi 75. Alisema kwa 75 hawezi kujikimu, maana yake anafukuzwa kwenye kazi ya mababu zake. Akaishtaki serikali.

Februari 2016, kesi ilipokuwa inaanza katika mahakama ya wilaya mjini Tana, dada mtu alifika na vichwa 200 vya kulungu, vibichi, vyenye damu, akavirundika kwenye theluji nje ya mahakama. Juu kabisa akachomeka bendera ya Norway. Kazi hiyo akaiita Pile o'Sápmi, rundo la nchi ya Wasami. Jina hilo ni mwangwi wa marundo ya mifupa ya nyati wa Amerika Kaskazini, walioangamizwa karne ya 19 hadi wenyeji waliowategemea wakabaki bila kitu.

Ulishawahi kuona sanaa inayonuka? Hiyo ndiyo tofauti. Wewe na mimi tunakumbuka Mei 2013, wanaharakati walipowaachilia nguruwe nje ya Bunge letu na kumwaga damu kupinga mishahara ya wabunge. Hakuna aliyepita pale akasema "picha nzuri". Rundo la Tana lilikuwa la ukoo huo.

Jovsset Ánte alishinda katika mahakama ya wilaya. Akashinda katika Mahakama ya Rufaa. Serikali ikapanda juu zaidi. Desemba 2017, dada yake alitundika nje ya Bunge la Norway pazia la mafuvu 400 ya kulungu, yakiwa na matundu ya risasi kwenye paji la uso. Mwezi huo huo Mahakama ya Juu ikatoa uamuzi: serikali imeshinda.

Kwa hivyo sanaa ilishindwa? Subiri. Jumba la Kitaifa la Makumbusho la Norway lilinunua pazia lile, na lilipofungua jengo lake jipya mjini Oslo mwaka 2022, lililitundika pale watu wanapoingilia. Yaani dola iliyoamuru kulungu wapunguzwe ndiyo sasa inawaonyesha watalii mafuvu yao. Unaweza kusema ni ushindi. Unaweza kusema ni kumezwa. Mimi nasema ni risiti. Kila anayepita atauliza mafuvu haya ni ya nini, na jibu lina jina, tarehe na nambari.

Hapa ndipo Mkenya anapaswa kusimama. Hoja ya "mifugo wamezidi, wanaharibu ardhi" tunaijua. Mwaka 1938 serikali ya mkoloni iliwaambia Wakamba ng'ombe wao wanamaliza udongo wa Machakos, ikawachukua kwa nguvu, na wengi wakaelekea kwenye kiwanda cha nyama cha Athi River kilichokuwa kinahitaji ng'ombe wa bei ya chini. Muindi Mbingu aliwaongoza maelfu ya watu kwa miguu hadi Nairobi, wakapiga kambi kwa wiki kadhaa. Serikali ililegeza, lakini yeye ikampeleka kizuizini Lamu. Leo ni jina la barabara karibu na City Market, na wengi wetu tunaipita tukitafuta viatu bila kujua.

Sisemi kwamba mifugo hawawezi kamwe kuzidi malisho. Wanaweza. Swali la Wasami ni lile lile la Muindi: mbona malisho yanapopungua hesabu inaanzwa kwa mfugaji, na si kwa mgodi, barabara, nyaya za stima na nyumba za likizo zilizoingia kwenye malisho hayo?

DAWA NAYO INA MAKALI

Oktoba 2025 Máret Ánne Sara alifungua kazi mpya katika ukumbi mkubwa wa Tate Modern, London. Inaitwa Goavve-Geabbil. Sehemu moja ni mnara wa ngozi za kulungu zilizokazwa kwa nyaya za umeme, umepanda kuelekea darini. Sehemu nyingine ni njia za kuzungukazunguka, zilizojengwa kwa kufuata umbo la ndani la pua ya kulungu, pua inayoweza kuipasha moto hewa ya baridi kali kabla haijafika mapafuni. Unatembea ndani ya pua ya mnyama, halafu unakutana na ngozi yake imefungwa nyaya.

Neno goavvi ni la Kisami. Ni ule msimu mbaya ambapo mvua inanyesha juu ya theluji, kisha baridi inarudi na kuigandisha juu kama saruji. Kulungu anasikia harufu ya chakula chini yake lakini hawezi kukifikia. Si jambo dogo. Katika rasi ya Yamal nchini Urusi, mvua ya namna hiyo ya Novemba 2013 ilifuatiwa na vifo vya kulungu takriban 61,000. Watafiti waliihusisha na kupungua kwa barafu katika bahari za Barents na Kara, maana bahari iliyo wazi hupeleka unyevu nchi kavu.

Na nyaya je? Hapo ndipo sanaa hii inapotugusa sisi tunaopenda kusema "kawi safi" bila kuuliza maswali. Huko Fosen, katikati mwa Norway, kusini kidogo ya mstari wa Aktiki, mitambo 151 ya upepo ilijengwa kwenye malisho ya majira ya baridi ya kulungu wa Wasami. Oktoba 2021, Mahakama ya Juu ya Norway ilisema vibali hivyo vilikiuka haki zao za kitamaduni. Mitambo ikaendelea kuzunguka. Mapema 2023 vijana wa Kisami waliziba milango ya wizara mjini Oslo kwa siku kadhaa mpaka serikali ikaomba radhi. Fidia na makubaliano na wafugaji vilikuja baadaye, mitambo ikiwa bado imesimama.

Mwezi ule ule wa Oktoba 2021, mahakama ya Meru nayo ilisema hati za ardhi ya mradi wa upepo wa Ziwa Turkana, kule Marsabit, zilipatikana bila kufuata utaratibu. Mitambo 365, kwenye ekari 150,000 za jamii za wafugaji. Nchi mbili, bara mbili, upepo mmoja, na mfugaji yule yule pembeni akiambiwa avumilie kwa ajili ya dunia.

Usinielewe vibaya. Sitaki turudi kwenye dizeli. Bila kuacha mafuta, dubu, sili na kulungu wote wamekwisha. Lakini yule ambaye hakuuchafua ulimwengu asiwe wa kwanza kulipishwa kuusafisha. Msanii kutoka Kautokeino amelisema hilo kwa ngozi na waya kuliko ripoti nyingi za kurasa mia tatu.

KWANI SISI TUMEINGILIA WAPI?

Utasema, Aktiki ni mbali, mimi nina kodi ya nyumba. Sawa. Lakini nenda Mida Creek, pale Watamu, kati ya Septemba na Aprili maji yanapokupwa. Utaona makundi ya vitwitwi, ndege wadogo wa rangi ya kijivu, wakidonoa matope kwa haraka kana kwamba wanachelewa kazini. Wengi wao hawakuanguliwa Kilifi. Walianguliwa kaskazini ya mbali ya Siberia, kwenye nyanda zile zile za Aktiki, na wameruka maelfu ya kilomita kufika pwani yetu.

Jamaa yao mmoja, kitwitwi wa kifua chekundu anayezaliwa rasi ya Taimyr na kukaa majira ya baridi Mauritania, amechunguzwa kwa miaka mingi. Matokeo yaliyochapishwa 2016 yanashtua. Theluji ya Aktiki inayeyuka mapema, wadudu wanafikia kilele kabla vifaranga hawajawa tayari kula, kwa hivyo vifaranga wanakua wadogo na wenye midomo mifupi. Wakifika Afrika, midomo hiyo haifiki walipojificha kome na chaza wadogo kwenye mchanga. Wengi wanakufa. Joto la Siberia linamlaza njaa ndege kwenye ufuo wa Afrika.

Kwa hivyo hapana, si mbali.

Na hapa Kenya tuna wasanii wa kutosha, wengi wao wana njaa na hasira, na zana wanazo. Hatuhitaji mtu atuchoree dubu. Tuna ngozi za ng'ombe waliokufa kwenye kiangazi cha Marsabit, tuna matope ya Mida, tuna sauti za ndege zinazoweza kunaswa kwa simu ya kawaida. Swali ni kama tutazitumia kutoa ushahidi au kupamba kuta za benki.

Nakuachia maswali manne ya kuuliza ukiona tena picha, filamu au maonyesho ya kukufanya uwaonee huruma wanyama. Huyu mnyama ameuawa na nini hasa, na nani amethibitisha? Nani anaishi hapo, na mbona hayumo kwenye picha? Nani aligharamia kazi hii? Na tatu nne za kwanza zikijibiwa, nani anaambiwa alipe?

Kazi ikikosa kujibu hata moja, penda rangi zake ukipenda, lakini machozi yako yaweke kwanza. Utayahitaji. Mwezi wa nne vitwitwi wataondoka Mida kurudi kaskazini, na huko theluji haiwasubiri tena.